Uso wa Jumatatu ya Kwanza

Umbilo, Durban
4 Februari 2031

Mpendwa binti yangu Odette,

Salamu nyingi zikufikie hapo Kigoma, wewe, mumeo na mjukuu wangu Ghislaine. Picha yake aliyoileta Marwa na lori lake nimeibandika juu ya kitanda. Anacheka bila meno ya mbele, nami nikimtazama nacheka bila ya nyuma. Huku tunaendelea. Kanisani tumenunua kinanda kipya lakini mpigaji ni yule yule, kwa hiyo watu bado wanavumilia. Mvua imenyesha wiki nzima na ukuta wa chumba changu umeota ukungu.

La afya ni hili. Tumbo nililokuandikia kabla ya Krismasi si vidonda. Daktari alizungumza nami kwa upole mno, na upole ule ulinitisha kuliko maneno yenyewe. Alitaja miezi, hakutaja mwaka. Nina miaka sabini, sitalalamika. Nakuandikia kwa sababu nyingine, nayo inaniogopesha zaidi ya tumbo.

Unajua kwamba huku noti na sarafu zimekwisha. Tangu mwaka juzi hakuna duka, taksi wala kanisa linalopokea pesa ya kushikika. Kila kitu kinapita kwenye pochi ya simu, na pochi anafunguliwa mtu mwenye karatasi za ukaaji zilizo hai. Mimi ninazo. Wengi wetu zao zimekwisha muda na hakuna anayezihuisha. Deborah, mama mmoja wa kwetu Uvira, ana meza ya samaki wakavu pale soko la Warwick. Siku noti zilipokoma, wateja walisimama mbele yake na simu mkononi, yeye hana pa kupokelea. Jioni alirudi Umbilo kwa miguu na samaki wote kichwani, maana hata nauli hakuwa nayo.

Sheria inamruhusu mkuu wa kaya kuwapa watu wa nyumba yake kadi zinazotegemea pochi yake. Nikamwandikisha Deborah kuwa dada yangu. Kisha Alain, fundi simu wa mtaa wa Point, nikamwandikisha mpwa, ingawa ana mvi kunishinda. Wakaja wengine. Leo, kwa mujibu wa mashine, nina kaya ya watu ishirini na sita. Hata babu yetu mwenye wake watatu hakufika huko. Mishahara yao, kodi zao, maziwa ya watoto wao, vyote vinapita kwangu.

Nikifa, kadi zote zinakufa saa hiyo hiyo, isipokuwa kama kuna mrithi wa damu aliyethibitishwa nikiwa hai. Kwenye faili langu, tangu mwaka tulioingia nchi hii, limeandikwa jina la mtoto mmoja: wewe. Nenda kwa wakala hapo Kigoma. Watakuonyesha mimi kwenye kioo cha simu, watakuuliza huyu ni nani wako, utajibu. Ukuu wa kaya utahamia kwako na watu wataendelea kula. Hutadaiwa kitu.

Usiniulize neno la jambo hili kwa simu. Kampuni ya pochi inasoma ujumbe. Jirani yetu mmoja alimtania dada yake kwa maandishi kwamba wapwa zake ni wa kuchonga. Asubuhi yake kadi tisa zilikuwa zimefungwa. Mpe Marwa karatasi. Lori lake linafika bandarini hapa kila baada ya wiki chache, naye hafungui bahasha za watu.

Ni mimi baba yako,
Athanase

*

Kigoma
2 Machi 2031

Baba yangu,

Shikamoo. Barua nimeipata, imelowa pembe moja lakini inasomeka. Sisi wazima. Ghislaine meno yameanza kuota, moja limekaa upande. Mume wangu bado yuko bandarini, zamu za mchana. Cherehani langu linakata uzi, nalipiga makofi linaendelea. Tulimfanyia Mama misa ya mwaka mmoja mwezi uliopita. Watu walikuja wengi, wakauliza kama umetuma neno. Nikasema barua iko njiani.

Habari ya ugonjwa wako niliisoma nimesimama, nikakaa. Pole sana, Baba.

Nimekwenda kwa wakala, kuuliza tu. Ni kijana mpole anayeuza pia vocha na soda. Akasema mashine italinganisha sura zetu mbili, na mimi nitatamka mbele ya shahidi kwamba wewe ni baba yangu mzazi. Nikisema uongo ni kosa la jinai, huku na huko. Nilitoka pale nimeushika mkoba kama mtu anayekimbizwa. Watu ishirini na sita ambao siwajui, Baba, watoto wao wanywe maziwa kwa jina langu? Na mimi huku bado nalipwa kwa noti chafu za elfu mbili mbili.

Lakini kuna kingine. Nina miaka thelathini na moja na sijauona uso wako tangu nikiwa na minne. Kila nilipoomba tuonane kwa simu uliniambia kamera ni mbovu. Kamera mbovu miaka kumi na tano, na mpwa wako fundi simu! Mama amekufa, sasa kamera imepona.

Unajua mzee Pierre-Claver, yule seremala, alimposa Mama mara mbili? Mara zote mbili Mama alimjibu, "Mume wangu yuko Durban." Hakusema kwa hasira. Alisema kama mtu anayemwelekeza mgeni njia.

Nakuuliza jambo moja. Baba Mdogo Bertrand alikufaje? Barua yako ya wakati ule ina mistari minne. Mama aliisoma mpaka ikachanika kwenye mikunjo. Mdogo wako wa tumbo moja, mlitoka Uvira pamoja, na umempa mistari minne.

Mwanao,
Odette

*

Umbilo, Durban
8 Aprili 2031

Mpendwa Odette,

Nafurahi kusikia meno ya Ghislaine. Mwambie lile la upande ndilo litakalomfanya akumbukwe. Huku joto limepungua. Mchungaji wetu ameoza binti yake, nami nililetewa sahani ya wali nikainusa tu.

Nikusimulie ya jana, ili uelewe kwa nini nakuharakisha. Kila Jumatatu ya kwanza ya mwezi mashine inataka kuuona uso wa mkuu wa kaya. Unaitazama simu, unageuka kushoto, unageuka kulia, unafumba jicho, unafumbua. Inakupa siku tatu. Ikishindwa kukutambua kwa siku hizo tatu, inahesabu kwamba umekufa au umeibiwa, na inafunga.

Odette, uso wangu unaisha. Mashavu yameingia ndani, macho yamekaa kwenye mashimo. Jana mashine iliniambia mara sita, kwa sauti ya mwanamke mwenye adabu: "Sogea kwenye mwanga. Jaribu tena." Tulisogea mpaka dirishani. Mara ya saba ikasema, "Mtu huyu hafanani na mwenye pochi." Chumbani walikuwamo watu kumi na moja.

Alain akavua miwani. "Eish, Mwalimu, sura yako inatuponyoka."

"Kimya wewe," Deborah akamwambia. "Papa, fungua kinywa."

Alikuwa na pamba ya hospitali. Akaikunja vidonge viwili akaniingizia, kimoja kila shavu, kama wanavyofanyiwa marehemu.

"Sasa iko sawa," Alain akasema. "Umerudi miaka mitano nyuma. Usicheke tu, Mwalimu, ukicheka itadondoka."

"Acheke na nini?" Deborah akasema. "Wewe ndiye utacheka ukilala njaa."

Mara ya kumi na moja ikakubali. Watu wakapiga vigelegele kama kwenye harusi. Kisha wakaondoka mmoja mmoja, na kila mmoja alipokuwa akiniaga aliutazama uso wangu kwa muda, kama mtu anayeangalia unga uliobaki kwenye gunia. Tangu hapo naletewa uji mara nne kwa siku. Siwezi kuunywa, nao wanasimama mpaka niumalize. Nawaogopa sasa, hawa watu ninaowapenda. Wananitazama nikipumua.

Kuhusu Bertrand, alishikwa na homa, akafa. Ni zamani. Tumwache apumzike.

Nenda kwa wakala, mwanangu.

Baba yako

*

Kigoma
29 Aprili 2031

Baba,

Shikamoo. Sisi wazima. Mvua za mwisho zimebomoa choo cha jirani.

Umeniandikia pamba, uji na Alain kuvua miwani, ukurasa mzima na nusu. Baba Mdogo umempa sentensi mbili. Nilizisoma kwa sauti ili nione kama kwa sauti zitaongezeka.

Naogopa, Baba. Naogopa kuapa, naogopa kutokuapa, naogopa Ghislaine aje kuulizwa siku moja na askari. Lakini ninachokiogopa zaidi ni kwamba unanificha kitu na unataka nikisimamie bila kukijua.

Sitakwenda kwa wakala mpaka uniambie mdogo wako alikufaje. Ukiona ni ukatili, uite hivyo.

Odette

*

Umbilo, Durban
20 Mei 2031

Odette,

Salamu kwa mumeo na kwa mtoto. Mwezi huu mashine ilinikataa siku mbili nzima. Siku ya tatu ilikubali zikiwa zimebaki saa nne, Deborah amenipaka mafuta ya mgando usoni ili ngozi ing'ae. Juni huenda ikanikubali tena kwa tabu, lakini Julai sitafika na uso huu. Kwa hiyo naandika sasa, mkono bado unatii. Nimemwomba Mungu anipe maneno mafupi, maana marefu nimeyatumia maisha yote kujifichia.

Mimi si baba yako. Mimi ni Bertrand.

Nimeiacha karatasi hii juu ya meza tangu asubuhi baada ya kuuandika mstari huo. Hakuna mtu nchi hii anayeujua.

Tulipofika Durban tulipewa kila mmoja karatasi yake. Yangu iliibwa mwaka wa pili, pamoja na koti. Ofisi ilinirudisha mara tano. Basi tukawa tunatumia ya baba yako wote wawili, kwani tulifanana, na picha ya karatasi ile ilikuwa nyeusi kama masizi. Yeye alilinda magari Point alfajiri mpaka adhuhuri, kisha ananikabidhi karatasi pale kwenye robot, zile taa za barabarani za kona, na mimi nalinda mchana. Tuliona ni werevu. Tulicheka kwamba Athanase ni mtu asiyechoka.

Mwaka 2007, mwezi wa Juni, kulikuwa na usaili wa mwalimu wa Kifaransa kwenye chuo kidogo hapa Umbilo. Baba yako hakuwa na cheti, mimi ninacho, ila jina la karatasi ni lake. Akaniambia nenda, uwe mimi. Asubuhi ile alikuwa na homa. Alinifungia tai kwa mikono inayotetemeka na tukasema ni baridi.

Usaili ulikwenda vizuri. Wakanitaka nifundishe darasa la majaribio siku ile ile, na kesho yake jingine. Nikalala kwa rafiki huku Umbilo kuokoa nauli. Kesho yake, katikati ya darasa, alikuja mtu wa chumba chetu, akasimama mlangoni. Akasema, "Kaka yako amezidiwa. Anaulizia karatasi, aende hospitali. Bila karatasi anaogopa watamkamata."

Nilimsikia. Hakuna kelele iliyonizuia, nilimsikia vizuri. Nikamwambia, "Nikimaliza."

Odette, nilibaki na darasa lile saa tatu na nusu. Nilikuwa nafundisha namna ya kusema saa. Nilikuwa nimelinda magari miaka miwili, watoto wadogo wakinirushia sarafu, na siku hiyo watu wazima waliniita bwana. Nilitaka saa tatu na nusu zaidi za kuitwa hivyo. Hiyo ndiyo sababu, sina nyingine bora.

Nilipofika alikuwa hanitambui. Nilimbeba mgongoni mpaka barabarani. Hospitali walimpokea bila hata kuitazama karatasi. Hilo nalo lazima ulijue. Alikufa kesho yake kabla ya saa sita mchana. Muuguzi akaniuliza jina la marehemu. Karatasi ilikuwa mfukoni mwangu, nimeishika. Nikaona kwamba nikilitaja jina lake, karatasi inakufa naye, na kazi, na mimi. Nikasema: Bertrand.

Basi nikamzika chini ya jina langu, nikatembea na lake. Nikamwandikia mama yako mistari minne, akamlilia shemeji yake na kumshukuru Mungu kwa mume. Nilimpa kilio kidogo badala ya kilio chake kikubwa. Kila mwezi nilituma pesa. Nilijiambia pesa ni neno. Habari ya seremala sikuijua mpaka barua yako ya Machi. Tangu siku hiyo siwezi kuimba zaburi.

Sasa unajua. Ukikataa kuapa, sitakulaumu, na sitakuwepo kulaumu. Ila hawa watu hawajui lolote. Wao walimwamini Mwalimu Athanase. Jumatatu ya tarehe saba Julai mashine itaniita, itanikataa, na siku ya tatu Deborah atabaki na samaki wake mbele ya watu wenye simu. Mtoto wa Alain yuko kwenye dawa za kila siku. Nitakufa huku nikiwasikia ukumbini wakiulizana.

Simu yangu iko mezani mchana kutwa. Ukienda kwa wakala, italia. Usipokwenda, haitalia.

Naogopa sana. Kifo nakiogopa kidogo. Nakuogopa wewe, na wale wawili nitakaowakuta.

Bertrand

*

Kigoma
24 Juni 2031

Baba Mdogo Bertrand,

Sikusalimu leo, utanisamehe au hutanisamehe.

Barua yako ilifika wiki tatu zilizopita. Niliisoma nikaificha kwenye droo ya cherehani. Kila nikishona naiona. Siku nne sikusema na mtu. Mume wangu alifikiri nimefiwa, na kweli nilikuwa nimefiwa, ila sikuweza kumwambia ni nani. Nilikwenda kwa mzee Pierre-Claver, nikakaa kwenye benchi lake la kazi. Ana miaka themanini. Nilitaka kumwambia, nikashindwa. Akanipa kigoda cha Ghislaine, hakuchukua pesa.

Jana nilikwenda kwa wakala. Nakuambia ukweli, nilikwenda kukukana. Nilikuwa nimeyapanga maneno: huyu simjui, baba yangu alikufa 2007. Nilitaka uyasikie kwa mdomo wangu.

Kisha ukatokea kwenye kioo.

Nilidhani nimejiandaa. Hakuna aliyeniambia kwamba utakuwa na paji langu la uso. Sauti ile ya adabu ikasema subirini, sura zinalinganishwa, na mimi nikawa naomba iseme hapana, ili nisiseme mimi. Ikasema, "Mfanano wa mzazi na mtoto unatosha." Mashine hiyo haina akili hata kidogo, Baba Mdogo, au ina akili kunizidi.

Nyuma yako niliwaona. Wamejipanga ukutani kimya kama watoto wanaosubiri matokeo. Mama mmoja mnene alikuwa amejifunika mdomo kwa kitenge. Nadhani ndiye Deborah. Hakuwa anakutazama wewe. Alikuwa ananitazama mimi. Nami nilimjua yule mwanamke. Amesimama vile vile Mama alivyokuwa anasimama mlangoni lori la Marwa likipita, hajui kama kuna bahasha. Mama yangu alisubiri miaka ishirini na miwili kitu ambacho mtu mmoja angeweza kukimaliza kwa neno moja, na mtu huyo hakusema.

Wakala akauliza, "Huyu ni nani wako?"

Nikasema, "Ni baba yangu mzazi."

Nikaona kinywa chako kinafunguka. Tusingeweza kusema kitu, mashine ilikuwa inasikia, na nilishukuru kwa hilo. Nikabonyeza kidole pale waliponionyesha. Imekwisha. Kaya yako ni yangu siku utakayokwenda. Mwambie Alain dawa za mtoto zisikatike.

Nilipomsimulia mume wangu, alinifariji kwamba kwetu ndugu wa baba ni baba, kwa hiyo sikuapa uongo mkubwa. Nikamwambia asirudie tena maneno hayo ndani ya nyumba hii. Niliapa uongo, na niliuapa kwa ajili ya Deborah. Wewe sijakusamehe. Labda nitakusamehe, lakini sitakuandikia kwamba nimekusamehe ili ufe vizuri.

Ninachotaka kwako ni kitu kimoja, nacho hakihitaji uso. Sijui baba yangu amelala wapi. Najua tu kwamba juu yake pameandikwa jina lako. Niandikie makaburi gani, safu gani, namba gani. Andika kwa mkono wako. Mkono ukishindwa, mtajie Deborah, na umwambie kwa nini. Nitauza cherehani nije, nisimame pale, nimwite jina lake kwa sauti, hata kama walinzi watadhani nimepotea kaburi.

Marwa anaondoka leo mchana. Amenihesabia mipaka kwa vidole: akipita vizuri, ni siku tisa mpaka mlangoni kwako. Yeye pekee ndiye ajuaye mahali pa kurudishia jibu.

Nakuomba siku tisa, Baba Mdogo. Kunywa uji wao. Ukiona huziwezi tisa, usinisubiri, anza kuandika leo.

Odette